Kochi la Mzee Springi: Kesi Imekufa au Iko Hai?

Tulimwacha Sindano amesimama nyuma kabisa ya chumba cha mahakama, mkono mmoja juu kama mwanafunzi anayeomba ruhusa ya kutoka, na watu wote wamegeuza shingo kumtazama. Nyinyi mlionisimamisha njiani wiki nzima kuniuliza binti huyu alipata wapi ujasiri ule, vuteni viti mkae. Hata yeye mwenyewe hakujua.

"Mheshimiwa, mdai amefariki dunia, na kesi imekufa naye," ndivyo alivyokuwa amesema wakili wa Kipaza, yule mwembamba mwenye tai ndefu, kwa sauti ya mtu anayefunga duka mapema.

Na Sindano, ambaye hakuwa shahidi wala hakuitwa na mtu, alikuwa amesimama akasema, "Haijafa."

Hakimu alivua miwani, akaifuta kwa pindo la joho lake, akaivaa tena. Alikuwa mama wa makamo mwenye mafua, na mafua yalikuwa yamemmaliza subira yote. Akamuuliza Sindano yeye ni nani. Sindano akajibu kwamba ni binti wa marehemu.

"Binti wa marehemu, humu ndani watu husema wakiambiwa waseme," hakimu alisema. "Lakini umeshasema. Haya, nieleze. Kwa nini haijafa?"

Sindano alitafuta jibu la kisheria kichwani mwake, akakuta kweupe. Tangu asubuhi alikuwa amejiandaa kulia, hakujiandaa kuulizwa maswali.

"Kwa sababu maneno yenyewe bado yanatembea, Mheshimiwa."

Mtu mmoja akacheka, akanyamazishwa. Hakimu aliandika kitu kwenye faili, akapiga chafya, kisha akatangaza kwamba kama kesi ya kuchafuliwa jina inaendelea baada ya mdai kufa, hilo ni swali la sheria, na atawasikiliza mawakili baada ya chakula cha mchana. Mwenye hoja aje nayo. Mwenye machozi ayamalizie nje.

Kwa waliokuwa safarini, mambo yalianza hivi. Mzee Springi alikuwa fundi makochi, na hakuna kochi lililotoka karakanani kwake kabla hajalikalia yeye mwenyewe na kulia chakula cha mchana juu yake. Likitulia, linatoka. Lisipotulia, linarudi mezani. Siku moja kochi lake la maharusi lilipelekwa kwenye ukumbi wa sherehe, na wapambe wote wa bwana harusi wakalirukia kwa pamoja wapigwe picha. Kona moja ikapasuka.

Mshereheshaji wa siku hiyo alikuwa Kipaza, mtu ambaye mdomo wake hauna breki hata akiwa usingizini. Aliinama akachungulia penye mpasuko, akainuka, akautangazia ukumbi mzima kwa kipaza sauti kwamba kochi la Mzee Springi limejazwa matambara machafu ya wagonjwa wa hospitali. Watu wakavunjika mbavu. Bibi harusi alisimama wima mpaka sherehe ikaisha.

Tangu siku hiyo wateja waliota mbawa. Mzee akaenda mahakamani, na alichodai kilikuwa kitu kimoja tu: Kipaza asimame kwenye ukumbi ule ule, na kipaza sauti kile kile, ayafute maneno yake. Mashahidi wakasikilizwa wote. Likabaki kochi. Hakimu alitaka lifunguliwe siku ile ile watu waone kilichomo, lakini mzee aliomba siku nyingine, alifungue kwa mkono wake. Siku hiyo haikufika. Mzee Springi alikula chakula chake cha mchana juu ya kiti ambacho hakijavalishwa kitambaa, akaegemea, akalala moja kwa moja.

Sasa karakana ilikuwa ya Sindano. Wateja wachache waliobaki walikuwa wakibonyeza makochi kwa kidole kimoja, kama mtu anayegusa jipu, halafu wanauliza ndani mmeweka nini. Kila swali lilimchoma. Jina la baba yake lisiposafishwa leo, halitasafishwa tena, na hilo alilijua vizuri kuliko hakimu.

Nje koridoni wakili wao alikuwa anamsubiri. Alikuwa bwana mnene, mcheshi, mwenye kicheko cha mtu aliyeshiba siku zote. Kwa kesi hii hakuwa ametafutwa. Alikuwepo mwenyewe kwenye ile harusi, na kesho yake asubuhi alibisha hodi karakanani, akasema ataisimamia bure kwa sababu moyo wake umeuma. Familia nzima ilimwombea dua.

"Binti yangu, ukweli ni mchungu," alisema huku akifungua kifungo cha koti. "Mtu akidai shamba akafa, mwanawe anarithi shamba pamoja na kesi yake. Jina la mtu halirithiwi. Sheria inasema aliyechafuliwa ni mzee, na mzee hayupo tena wa kuumia."

"Mimi naumia."

"Wewe sheria haikuoni."

Sindano aliegemea ukuta. Kando yake, kwenye benchi, mama yake alikuwa amekaa kimya na kitambaa chake cha mkononi, anakikunja mraba, anakikunjua, anakikunja tena. Tangu asubuhi, kila kochi lilipotajwa, kitambaa kile kilikunjwa. Mama alikuwa amefanya kazi ya dobi hospitalini mpaka akastaafu, na mikono yake haikuwahi kukubali kwamba imestaafu.

Wakili aliendelea. Kulikuwa na upenyo mmoja mwembamba. Kama mdai amekufa kesi ikiwa imeshamaliza kusikilizwa, na kilichobaki ni hukumu tu, basi kesi haifi. Hakimu anaisoma hukumu yake kama vile mzee amekaa mbele pale na kofia yake mapajani. Tatizo lilikuwa kochi. Lilikuwa bado halijafunguliwa, kwa hiyo usikilizaji ulikuwa bado haujaisha.

"Labda pande zote mbili ziseme kochi halihitajiki," wakili alisema, akacheka mwenyewe. "Lakini Kipaza awe na wazimu gani hata akubali? Kesi ikifa, yeye ndiye ameponea chupuchupu."

"Nakubali," ilisema sauti nyuma yao.

Korido nzima iligeuka. Kipaza alikuwa amejaribu kunong'ona, lakini mtu aliyezoea kusalimia kumbi hawezi kunong'ona. Alikuwa amesimama na suti yake ya kazini, ile yenye kung'aa kwenye kola, na uso uliokosa usingizi. Wakili wake mwembamba alikuwa anamvuta mkono wa koti. Kipaza akautoa mkono ule taratibu, kama anayetoa mdudu.

Alimwamkia mama kwanza, kwa heshima zote, ndipo akamgeukia Sindano.

"Dada, mimi kesi hii ikifa nimekwisha," alisema. "Tangu mzee amezikwa watu wameniita muuaji. Nikisimama kumtambulisha bwana harusi, wanamwangalia kama ndiye anayefuata. Jumamosi iliyopita bibi harusi alinirudishia kadi yangu kwa vidole viwili."

Sindano alitaka kumchukia, na kwa kweli alikuwa amejiandaa kwa kazi hiyo, lakini kicheko kilimtoka puani kabla hajakizuia. Kipaza alionekana kupata nafuu. Akaeleza kwamba yeye aliona alichokiona kwa macho yake, na hakimu atamwamini au hatamwamini. Akishindwa atakwenda ukumbini ayafute maneno, yaishe. Akishinda, watu wajue hakumzushia mzee wa watu. Lakini kesi ikifa hivi hivi bila mshindi, atabaki na maiti mgongoni maisha yake yote.

"Wewe unataka iishi, mimi nataka iishi," alisema. "Twende tukamwambie mama hakimu kochi halihitajiki."

Wakili mwembamba alishika kichwa. Katika miaka yake yote ya kazi hakuwahi kuona mdaiwa anayegombania kushtakiwa. Wakili mnene alisugua viganja, akampigapiga Kipaza begani, akasema huyu ndiye muungwana. Sindano na Kipaza wakapeana mikono mbele ya ubao wa matangazo, na kwa mara ya kwanza tangu msiba, Sindano alihisi njaa.

Furaha hiyo haikufika hata kwenye mlango wa mgahawa.

Karani wa vielelezo aliwafuata na shada la funguo kiunoni. Alikuwa amesikia, kama korido nzima ilivyosikia, kwamba kochi halihitajiki tena. Kama ndivyo, ni mali ya karakana, na yeye chumba chake kimejaa mpaka darini. Akamwomba Sindano aje alikague, ahakikishe ndilo.

"Usiende," mama alisema.

Lilikuwa neno lake la kwanza tangu asubuhi. Sindano akamuuliza kwa nini. Mama akasema wangoje tu waletewe, mle ndani kuna vumbi, na yeye ana kifua. Sindano hakuwahi kuwa na kifua tangu azaliwe. Akamtazama mama yake, akatazama kile kitambaa kilichokunjwa mraba, akamfuata karani.

Chumba cha vielelezo kilikuwa na baiskeli zenye vibandiko, mlango mzima uliong'olewa na fremu yake, na televisheni isiyo na kioo. Kochi lilikuwa katikati, na ilikuwa wazi kwamba halikukaa bure, kwani kwenye mkono wake mmoja kulikuwa na kikombe cha chai na pembeni gazeti lililofunguliwa kwenye ukurasa wa michezo. Karani alikohoa, akaondoa kikombe.

Sindano alisimama akalitazama. Hili lilikuwa kochi lake la kwanza. Fremu alipiga baba, lakini springi, sponji, pamba, kitambaa na vifungo, vyote alivitia yeye peke yake, na baba alikuwa amemwambia tu, "Leo mimi nazungumza na wateja." Hakuwa ameliona tena tangu liingie kwenye gari la kulipeleka harusini. Kila alipotaka kuja kuliangalia hapa mahakamani, baba alimkataza. Alisema fundi akitazama jeraha la kazi yake mkono unaanza kutetemeka.

Akachuchumaa penye mpasuko.

Mshono wake yeye aliujua, ulikuwa ukilala kulia. Mshono wa baba yake, aliyekuwa akitumia mkono wa kushoto, ulikuwa ukilala upande wa pili. Huu uliokuwa hapa ndani, kwenye kona ya chini, haukulala popote. Ulisimama. Uzi ulikuwa umekunjwa mara mbili, fundo limezungushwa na kuzungushwa tena, na ncha imekatwa kwa meno.

Sindano alikuwa amevaa mishono ya namna hiyo utoto wake wote. Ilikuwa kwenye kola za mashati yake ya shule.

Na nyuma ya mshono ule, ikichungulia penye tundu, ilikuwa shuka nyeupe. Ilikunjwa mraba safi kabisa, kona kwa kona, na muhuri wa bluu wa hospitali ulikuwa juu, unamtazama usoni.

Alinyoosha kidole. "Usiguse, dada," karani akasema.

Alirudi koridoni akichapa mwendo, akakaa kwenye benchi, akamnyang'anya mama kile kitambaa.

"Mama. Ulifanya nini?"

Mama alitazama mikono yake mitupu. Kisha akapumua, kama mtu anayetua ndoo.

"Siku ile gari limeshafika, baba yako akakaa juu ya kochi na sahani yake," alisema. "Kona ya chini ikatitia. Sponji imekwisha, pamba imekwisha, wenye harusi wanapiga honi. Akaniita mimi. Nikaleta mashuka niliyopewa siku ya kustaafu. Mapya, mwanangu. Hayajalaliwa na mtu. Yeye akayasukuma ndani, mimi nikashona."

"Kwa nini hamkuniita mimi?"

"Alikataa. Alisema ni kochi lako la kwanza, na uliliangalia kama mtu anayeangalia mtoto wake. Alisema ukijua limetitia, hutashika tena sindano. Akakutuma dukani."

Sindano alikumbuka. Alitumwa vifungo vya kahawia, na baba akasisitiza viwe vya kahawia ya kuiva. Aliporudi navyo mbio, jasho linamtoka, kochi lilikuwa limeshapakiwa, na baba akasema ahsante mama, tutavitumia. Havikutumika hata siku moja. Vilikuwa bado kwenye kopo juu ya rafu, vyote.

Akalia kidogo pale pale kwenye benchi, kisha akacheka, kisha vyote kwa pamoja, na watu waliopita walidhani ni kwa ajili ya kesi. Aliona haya, na papo hapo alijiona ni mtu aliyependwa sana. Ndiyo maana mzee alitaka kulifungua mwenyewe. Alikuwa anatafuta siku ambayo binti yake hayupo.

"Lakini mama, ule muhuri. Mngeugeuza chini tu, nani angeuona?"

Mama alishangaa kweli. "Shuka ya hospitali hukunjwa muhuri ukiwa juu," alisema. "Nimekunja hivyo miaka yangu yote. Mikono haikuniuliza."

Basi hapo ndipo Sindano alipoelewa mtego alioingia. Kochi likibaki limefungwa, kesi iko hai, na bila kochi Kipaza ana maneno yake tu dhidi ya kiapo cha marehemu aliyeheshimiwa. Ushindi ulikuwa unanukia. Lakini angeshinda kwa kumfanya mwongo mtu aliyempa mkono saa hii. Na kochi likifunguliwa, watu wataona kwamba Kipaza aliona shuka kweli, ila shuka yenyewe ilikuwa safi kuliko suti yake. Ukweli wote ulikuwa mle ndani. Ubaya ni kwamba ukitaka kochi, usikilizaji haujaisha, na kama usikilizaji haujaisha, kesi imekwenda na baba.

Akamvuta wakili wao pembeni, akamweleza yote haraka haraka. Alitegemea ashangae. Wakili hakushangaa hata kidogo. Alitabasamu, akamfunga kifungo cha juu cha koti kama baba mzazi.

"Kochi limefungwa, binti yangu," alisema. "Na mdomo nao tuufunge. Tunashinda leo."

Kengele ikagongwa.

Ndani watu walikuwa wengi kuliko asubuhi, maana habari ya mdaiwa anayetaka kesi iishi ilikuwa imeshafika mpaka kwa wauza vocha. Hakimu aliingia na leso mpya na pua nyekundu. Wakili mwembamba alisimama, akaeleza kwa uchungu kwamba mteja wake, kinyume cha ushauri wake na kinyume cha akili, anakubali kochi halikuhitajika. Wakili mnene akasimama kwa bashasha, akasema upande wa marehemu nao unasema vivyo hivyo. Ushahidi ulikwisha siku ile mzee alipotoka hapa kwa miguu yake. Kilichobaki ni hukumu.

Hakimu alifunua faili. Hukumu ilikuwemo, imeandikwa tayari. Sindano aliziona karatasi zenyewe kutoka alipokaa.

"Ni jambo geni," hakimu alisema, "lakini sheria inaliruhusu. Kochi halihitajiki?"

"Halihitajiki," wakasema mawakili wote wawili.

Hakimu akatazama nyuma ya chumba.

"Na wewe uliyesema haijafa? Umeridhika sasa?"

Sindano alisimama. Mama alimshika sketi, si kwa nguvu, kama anayeshika kitasa cha mlango ambao hajaamua kuufungua. Aliwaza kwamba baba alitaka maneno yafutwe, hakutaka yafunikwe. Aliwaza vile vifungo vya kahawia. Akapiga moyo konde.

"Mheshimiwa, kochi linahitajika."

Kalamu ya wakili mnene ilianguka chini. Kipaza aligeuka na kiti chake.

"Ndani kuna mashuka ya hospitali," Sindano alisema. "Huyu bwana aliyaona, hakusema uongo kuhusu hilo. Ila ni safi, ni mapya, na yaliwekwa kwa sababu mimi nilikosea kulijaza. Kochi lile ni kazi yangu, lilititia, na baba alilisitiri ili nisione aibu. Siwezi kumshinda mtu kwa kuficha kitu nilichokiona saa hii kwa macho yangu."

Hakimu aliifunga ile faili yenye hukumu, taratibu, na alionekana kama anafunga kitu alichokuwa ameshakipenda.

"Unajua ulichofanya?" aliuliza.

"Najua, Mheshimiwa."

"Kochi likihitajika, usikilizaji haukuisha. Usikilizaji usipoisha, na mwenye jina hayupo, kesi ya jina lake inakoma. Inakoma leo." Akajipangusa pua. "Mahakama imemaliza. Kochi mrudishiwe. Mtakalolifanya huko nje si la kuniuliza mimi."

Akasimama, watu wakasimama, na mlango wa nyuma ukafungwa.

Hivyo ndivyo kesi ya Mzee Springi ilivyokufa, wasomaji wangu, na mwenye kuiua ni yule yule aliyekataa isife. Mama alikuwa analia waziwazi. Lakini Sindano alijihisi mwepesi, na njaa yake ilikuwa imerudi. Alipita katikati ya mabenchi mpaka alipokuwa Kipaza, akasimama mbele yake.

"Jumamosi una sherehe kwenye ukumbi ule ule," alimwambia. "Naleta kochi. Nitalifungua mimi mwenyewe mbele ya watu, na wewe utashika kipaza sauti. Utasema utakachokiona. Chote, lakini hicho tu."

Kipaza alisogea karibu naye. Kwa mara ya kwanza katika maisha yake alinong'ona kweli.

"Nitakuja. Lakini umesema kweli iliyokugharimu, na mimi ninayo ya kwangu. Nilipochungulia siku ile niliona muhuri tu. Machafu, ya wagonjwa, hayo sikuyatunga mimi. Kuna mtu alikuja jukwaani akaninong'oneza, akaniambia sema hivyo, watacheka. Mpaka leo sijamtaja kwa sababu hakuna aliyewahi kuniuliza hapa ndani. Na aliyepaswa kuniuliza ni yeye."

"Nani?"

Kipaza aliinua kidevu tu, akaonyesha nyuma ya Sindano.

Sindano akageuka. Chumba kilikuwa kimebaki kitupu. Kwenye meza ya mbele kulikuwa na mtu mmoja tu, bwana mnene, ambaye kicheko kilikuwa kimemwisha usoni, na alikuwa anarundika karatasi zake mkobani haraka haraka, bila hata kuziangalia.